Yule baba yake Eddie Murphy mwenye ngozi ya simba alikuwa na kigugumizi kama mimi

MwishoWaGari

Wakuu, heshima kwenu.

Umeme umekatika tangu magharibi hapa Bagamoyo, simu ina asilimia 71, na nina neno limenikaa kooni siku nyingi. (Ukiwa na kigugumizi maneno hukaa kooni kweli, si kwa mfano.) Leo nalishusha.

James Earl Jones mnamjua hata kama jina hamlijui. Ni yule mfalme wa Zamunda, baba yake Eddie Murphy kwenye Coming to America ya 1988, aliyeingia New York na ngozi ya simba begani. Ndiye sauti ya Mufasa, baba yake Simba kwenye katuni ya The Lion King, mwaka 1994. Na mke wake kwenye filamu zote mbili ni mtu mmoja, Madge Sinclair: kwenye ya kwanza ni malkia kwa sura, kwenye ya pili ni malkia kwa sauti. Wale wenye madishi tangu zamani, ile sauti nzito iliyokuwa ikitaja jina la CNN, ni yeye huyo huyo. Alifariki Septemba 9, 2024, na miaka yake 93.

Mimi nilimwona mara ya kwanza kibanda umiza, nipo darasa la tano, kiingilio shilingi hamsini. Na hapo ndipo penye kichekesho. Kibanda kilikuwa na bwana wa maiki, mtafsiri wetu, anapunguza sauti ya filamu na kuweka ya kwake. Basi mfalme wa Zamunda kwetu sisi aliongea kama mzee wa Kikwere anayedai shamba lake la minazi. Wiki nyingine ikawekwa ile ya anga za juu, Star Wars ya 1977, yenye lile jitu la kofia nyeusi, Darth Vader. Mwili ni wa Mwingereza mmoja pande la mtu, David Prowse. Sauti ni ya Jones. Sasa piga hesabu: sura haionekani kwa sababu ya kofia, sauti haisikiki kwa sababu ya bwana wa maiki. Tulimtazama James Earl Jones saa mbili nzima bila kuambulia hata chembe yake.

Nimekuja kumsikia ukubwani. Nikatafuta habari zake, nikakuta mtu mwenye sauti ile alikuwa na kigugumizi. Nilikaa kitako.

Naendelea, msikomenti kwanza.

mshamba_hachekwi

Nimekaa paleee na kahawa yangu.

Kipanga wa Nianjema

Jina lako hilo mkuu, wewe ni konda?

MwishoWaGari

Nimesema msikomenti 😂 Jina nitalifikia.

Jones alizaliwa Januari 17, 1931, Arkabutla, Mississippi. Baba yake, Robert Earl Jones, aliondoka karibu na wakati mtoto anazaliwa na yeye akaja kuwa mwigizaji. Mtoto akalelewa na babu na bibi wa upande wa mama. Alipokuwa na miaka kama mitano wakamhamishia Michigan, kaskazini kwenye baridi, na huko ndiko ulimi ulikofunga. Alipoona watoto wenzake wanamcheka, akaacha kuongea. Si siku mbili tatu. Ni karibu miaka minane! Nyumbani alikuwa anaongea na wanyama wa shambani, shuleni anaandika.

Asiyewahi kuwa na kigugumizi ataona hii ni tabia ya ajabu. Mimi naiona ni hesabu tu. Ukinyamaza wanakuita mpole. Ukiongea wanakuita ile sauti ya pikipiki isiyowaka.

Sekondari, kijiji kinaitwa Brethren, akakutana na mwalimu, Donald Crouch. Mwalimu akagundua kwamba huyu bubu wake anaandika mashairi. Siku moja kijana akaandika shairi la kulisifu balungi. Ndiyo, balungi lile lile la kukamua juisi, na kwa watu wa baridi kama wale balungi lilikuwa tunu. Mwalimu akamwambia: shairi ni zuri mno, nahisi umeliiba mahali. Kama ni lako, simama mbele ya darasa ulitamke bila karatasi.

Kijana akasimama. Akalitamka lote, halikukwama hata silabi moja.

Nimewahi kusoma watu wanaita huo muujiza. Si muujiza. Shairi lina mapigo, na penye mapigo ulimi unajua mguu unaofuata utakanyaga wapi. Ndiyo maana mwenye kigugumizi akiimba taarabu hakwami. Mimi niliingia sanaa kwa mlango huo huo. Nilikuja Bagamoyo kujifunza ngoma, maana mpiga ngoma haulizwi swali. Mwalimu mmoja akanifanyisha zoezi la kusema mistari ya igizo huku napiga, kisha akawa ananinyang'anya ngoma katikati ya sentensi. Wiki ya kwanza ngoma ikiondoka na mimi nakatika. Mwezi wa tatu sentensi ikawa inafika mwisho yenyewe, mikono inacheza hewani kama ya kichaa, lakini inafika.

BintiDunda

Aisee hapo kwenye mikono hewani nimecheka peke yangu kwenye bajaji.

FundiTaa

Mwalimu, nipishe kidogo. Mimi ni mtu wa nyuma ya jukwaa, taa na seti, niko mji huu tangu ukumbi mkubwa wa chuo haujaungua 2002. (Vijana mnaosema TaSUBa, sisi wengine bado tunasema Chuo cha Sanaa. Kilianza 1981, jina la wakala lilikuja 2007.) Huyo mzee wako naona hujamtaja alivyokuwa fundi seremala.

MwishoWaGari

Shikamoo mzee. Umeniwahi, nilikuwa naja huko.

Chuo kikuu cha Michigan aliingia kusomea udaktari, akahamia maigizo. Kisha jeshi, akawa luteni. Na kabla na baada ya jeshi alikuwa kwenye ukumbi mdogo wa Ramsdell, mji wa Manistee, seremala wa seti. Anapigilia misumari mchana, usiku yuko jukwaani. Othello yake ya kwanza aliichezea pale pale, kwenye mbao alizozipiga mwenyewe.

Halafu New York. Alikuwa anasafisha sakafu ili ale. Broadway, zile kumbi kubwa za maigizo za New York, ilimpokea 1957 kama mtu wa akiba, yule anayekariri nafasi ya mwenzake akisubiri augue. Mwaka uliofuata akapata nafasi ya mtumishi wa nyumbani kwenye igizo kuhusu Rais Roosevelt. Kazi yake kubwa: kuingia na kumwambia mke wa Roosevelt kwamba chakula cha usiku kiko tayari. Ila sentensi kwa Kiingereza inaanza na M ya "Mrs.", na M kwake ilikuwa ukuta. Usiku mmoja ikamgomea mbele ya watu.

Nyie mnaona sentensi moja, rahisi. Sentensi moja ndiyo ngumu kuliko zote! Ukiwa na hotuba ndefu ukikwama huku utapenya kule, unabadilisha neno, unazunguka. Sisi tuna kamusi kichwani muda wote: "kitabu" kikigoma unasema "daftari lile", "Petro" akigoma unasema "yule kaka yako". Lakini chakula kiko tayari utakizungukaje?

Sasa jina langu. Mimi herufi yangu ni B, na Mungu kanipa kuishi Bagamoyo. Pale Makumbusho, kituo cha magari Dar, konda anapita anauliza, "Kaka, unashuka wapi?" Nyuma yangu watu kumi wanasikiliza. Nimewahi kufungua mdomo kuanzia Makumbusho mpaka Mwenge, B haijatoka. Tangu siku hiyo jibu langu ni moja: mwisho wa gari.

Kipanga wa Nianjema

Duh. Nisamehe kwa lile swali.

MwishoWaGari

Huna kosa.

TangaRaha

Sawa ni mkali, lakini mnatukuza wa mbali wakati wetu wapo. King Majuto, Amri Athumani, mzaliwa wa Tanga 1948, kaigiza tangu mtoto. Jukwaani alikuwepo, kwenye TV alikuwepo, filamu zilipokuja akawa kwenye filamu, matangazo ya biashara usiseme. Hakuna chuo alichopita. Alipofariki Agosti 8, 2018 alirudishwa kwetu Tanga, mji ulisimama. Huo siyo ugwiji wa kazi nyingi?

MwishoWaGari

TangaRaha, kwa Majuto sibishani na mtu, mimi nacheka hata akiwa ameketi tu. Ila nakupa tofauti moja, uipinge ukitaka. Majuto alibeba mtu mmoja akampitisha kote: yule mzee mkorofi, mjanja, anayeumbuka mwishoni. Jukwaa linabadilika, mzee ni yule yule, na ndicho tulichokilipia. Jones alikuwa anabadilika yeye.

Mtazame. 1961 yumo kwenye The Blacks, igizo lililochezwa zaidi ya mara 1,400, na wenzake jukwaani ni kina Cicely Tyson na Maya Angelou. 1964 yuko kwenye filamu ya Dr. Strangelove, ndani ya ndege yenye bomu. Katikati ya miaka hiyo ya 60 anacheza daktari kwenye tamthilia za mchana za TV, wakati mtu mweusi kupata nafasi ya kudumu humo ilikuwa kazi. 1968 anakuwa bondia kwenye The Great White Hope, hadithi iliyojengwa juu ya bondia wa kweli, Jack Johnson, kichwa amekinyoa, na 1969 anachukua Tony, tuzo kubwa ya maigizo ya Broadway. Filamu yake ikaja 1970, akateuliwa Oscar. 1973 ni King Lear. 1979 ni Alex Haley mwenyewe, mwandishi wa Roots, kwenye mwendelezo wake wa TV. 1987 ni mzoa taka, baba mkali wa Fences ya August Wilson, Tony ya pili. 1991 anachukua Emmy mbili, tuzo za TV, usiku mmoja, kwa kazi mbili tofauti.

Ukimweka mzoa taka huyo karibu na mfalme wa Zamunda, imepita mwaka mmoja tu kati yao. Wote wawili ni baba anayemkatalia mwanawe. Mmoja unataka kumpiga, mwingine unataka akuoze binti.

TangaRaha

Napinga. Kubeba mtu mmoja miaka 50 watu wasikuchoke ni ufundi mkubwa kuliko kubadilika. Jaribu wewe.

FundiTaa

TangaRaha ana hoja hapo. Nimeona wengi waliojua kubadilika, wakasahaulika.

MwishoWaGari

Hapo nimekwama, na si kwa B. Nakupa nusu ya ushindi.

BintiDunda

Mimi nimesoma maigizo, sasa nipo kwenye filamu hizi zetu za mitandaoni. Swali: mtu wa jukwaa akija mbele ya kamera kwa nini anapayuka? Juzi tulikuwa na kaka mmoja, mzuri kweli jukwaani, muongozaji amemrudisha mara tisa. Anamnong'oneza mpenzi wake kama anaita mashua.

FundiTaa

Kwa sababu amefundishwa hapa, mwanangu! Ukicheza wazi karibu na bahari una wapinzani watatu: upepo, mawimbi, na watoto waliokuja kuangalia ngoma. Sauti lazima imfikie aliyekaa nyuma kabisa kwenye mchanga. Kamera imekaa hatua moja toka puani. Ni kama mpishi wa shughuli aliyezoea sufuria la watu mia tatu, umwambie apike chai ya mtu mmoja. Chumvi inamponyoka.

MwishoWaGari

Nami naongeza la studio, maana ndiko ninakolia ugali sasa. Siku tatu kwa wiki nakwenda Dar kuingiza sauti kwenye tamthilia za Kituruki. Mhusika wangu ni tajiri wa Istanbul mwenye ndevu, kila sehemu anagombana na mkwewe. Mturuki anasema "tamam", mdomo umefunga, yamekwisha. Mimi karatasi yangu imeandikwa: "Sawa, nimekuelewa, fanya hivyo." Ukiisoma yote, mzee mdomo kafunga na sauti bado inatoka tumboni kama ya pepo. Inabidi ukate papo hapo. Nikasema: "Haya." Imekaa!

Angalieni na ujanja wa pili uliojificha hapo. H haina ukuta. H ni pumzi tu, unaingilia juu yake kama mtu anayeruka kwenye daladala inayotembea. Nusu ya sifa ninazopewa kwamba "mzee wa Kituruki anaongea kwa utulivu" ni mimi natafuta pumzi kabla ya herufi ngumu. Nikija kumsikiliza Jones vizuri namsikia anafanya kitu kama hicho. Ule mwendo wake wa polepole, kila neno limewekwa chini kama mtu anayepanga mayai, watu wanasema ni ukuu. Mimi nasikia mtu aliyepima njia.

Sauti ya Darth Vader aliirekodi kwa masaa machache, akalipwa dola 7,000, na filamu mbili za kwanza akakataa jina lake lisiwekwe mwishoni. Alisema yeye ni sehemu ya ufundi wa mitambo tu, mwigizaji ni yule aliyevaa kofia. Jina lilikuja kuwekwa filamu ya tatu, 1983. Fikiria dunia nzima inaiga sauti yako na wewe unasema, mimi ni kama kelele ya upanga.

BintiDunda

Na mbona hujasema la 2022? Alikubali sauti yake itengenezwe kwa akili mnemba, kampuni ya Ukraine, Respeecher, wakachukua rekodi za zamani kwa ajili ya Darth Vader wa tamthilia ya Obi-Wan Kenobi. Mzee wako kawafungulia mlango wa kutukata sisi. Kesho studio yako itachukua "haya" zako zote na wewe ubaki huko huko mwisho wa gari.

MwishoWaGari

Umenigusa penye kidonda, dada.

Jones alikuwa na miaka 91. Sauti imechoka, mhusika ni wake, akasaini akijua anasaini nini. Simlaumu. Kinachoniuma ni cha kwetu. Studio moja niliyofanya nayo kazi (jina nalimeza, na hilo linaanza na herufi rahisi), mkataba wao ulikuwa kurasa mbili, na ukurasa wa pili una mstari mmoja: sauti ni mali ya studio "kwa matumizi yoyote". Nilisaini nimesimama, kalamu ya kuazima, kwa sababu walikuwa wameshatuzungusha malipo miezi miwili na nilitaka za nauli. Hiyo ndiyo tofauti. Yeye aliuza alipokuwa amemaliza kula. Sisi tunauza kabla sufuria halijapanda jikoni.

mshamba_hachekwi

Kahawa imeniisha, uzi haujaisha. Nimeongeza maji.

FundiTaa

Huyo Jones alirudi jukwaani au aliishia kwenye sauti?

MwishoWaGari

Hakuondoka, mzee wangu. Ndicho ninachompendea kuliko yote. Ile Oscar ya heshima ya 2011 hakwenda kuipokea Hollywood kwa sababu alikuwa kazini London, anacheza Driving Miss Daisy na Vanessa Redgrave ukumbi wa Wyndham's. Onyesho limekwisha, watu bado wamekaa, Ben Kingsley akapanda jukwaani na sanamu mkononi akamkabidhi pale pale.

2015, ana miaka 84, yuko Broadway kwenye The Gin Game. Igizo zima ni watu wawili wazee wanacheza karata kwenye nyumba ya wazee. Mwenzake ni Cicely Tyson, yule yule wa 1961, sasa ana miaka 90. Watu wawili, meza moja, karata, maonyesho manane kwa wiki. Mimi kwa sehemu mbili za Mturuki kwa siku naomba maji ya tangawizi.

Kisha 2022 ukumbi wa Cort, ule aliochezea nafasi ya mtumishi 1958, ukaitwa jina lake. Pale pale M ilipomkatalia.

FundiTaa

Loh.

MamaAisha_Kaole

Assalaam alaykum kaka MwishoWaGari. Mimi huwa nasoma tu siandiki. Nina mwanangu wa kiume yuko darasa la tatu, ana hali hiyo. Bibi yake anasema nimpige na mkia wa samaki taa mdomoni, wengine wanasema alishwe chakula kwa mwiko. Mwalimu wake anasema ni mvivu wa kusoma. Akitaka kusema nami huwa namsaidia kumalizia neno ili asipate shida. Nakosea?

MwishoWaGari

Wa alaykumu salaam dada yangu. Mimi si daktari. Wataalamu wa matatizo ya kuongea wapo hospitali kubwa, ukipata nafasi mpeleke. Nitakuambia tu ya upande wa anayekwama.

Mwiko na mkia wa taa achana navyo kabisa. Mimi nilipigwa na kijiti cha mwiko, nilichopata ni kuogopa mwiko.

Kumalizia neno, ndiyo, unakosea, nisamehe kwa kusema wazi. Najua ni huruma. Lakini yeye anasikia hivi: nimechelewa, mama amechoka kunisubiri. Na mara nyingi neno unalomalizia silo. Alitaka kusema "bahari" ukamwekea "baba", sasa ana kazi mbili. Mtazame machoni, nyamaza, ngoja. Sekunde ishirini zitakuwa ndefu kwako kuliko kwake. Na usimwambie "vuta pumzi, taratibu", hilo tunaambiwa na kila mtu tangu tupate akili.

Mpe mashairi akariri, kaswida, nyimbo, chochote chenye mapigo. Si dawa. Jones alikuwa akisema mpaka uzeeni kwamba kigugumizi bado anacho, amejifunza tu kutembea nacho. Ila mtoto atajua kwamba sauti ipo ndani, haijapotea.

MamaAisha_Kaole

Nimekuelewa kaka. Leo jioni ameniomba hela ya barafu, nimengoja. Imechukua muda mpaka muuza barafu akapita 😅 Tumemkimbilia pamoja.

BintiDunda

😂😂 Mungu amkuze.

TangaRaha

Mwisho wa siku bado nasema Majuto.

FundiTaa

Lala TangaRaha.

MwishoWaGari

Wakuu, nimerudi, samahani, jana simu ilizimika. Leo nilikuwa studio, mzee wa Kituruki kapatwa na kiharusi, sehemu tatu nzima ni kukoroma tu. Hela ya bure kabisa. Sasa nipo kwenye gari, Makumbusho, limejaa mpaka mlangoni. Konda anakuja huku anauliza watu mmoja mmoja wanakoshuka. Ngojeni.

FundiTaa

Eeh?

mshamba_hachekwi

Mkuu usituache hewani.

MwishoWaGari

Mwisho wa gari, kama kawaida. B ilikuja mpaka kwenye midomo, ikachungulia watu, ikarudi ndani. Nauli ni ile ile.